Kiti cha Choo cha Umeme: Kabla ya Bomba, Waya

SWALI: Ndugu yangu kaniletea kutoka Japani kiti cha choo cha umeme chenye kurusha maji ya kustanjia. Fundi bomba anasema atakifunga kwa nusu saa. Nimruhusu?

JIBU: Kwa upande wa maji, fundi wako hajakosea: hufunga koki, huweka kiungo cha njia tatu kwenye bomba la tangi, hukaza boliti mbili. Kazi iko kwenye umeme. Viti vya soko la Japani, ambako kampuni ya TOTO ilianza kuuza viti vyake vya aina hii, Washlet, mwaka 1980, ni vya volti 100, na soketi zetu zina 230 au 240. Ukikichomeka hivihivi kitaungua. Utasema transfoma ipo. Ipo, lakini lazima izidi wati za hita ya kiti, nayo haitaki majimaji. Tena hairekebishi soketi isiyo na ethi wala swichi ya kukata umeme unapovuja miliampia 30. Wapo watakaouliza: mbona hita za kuogea zi bafuni siku zote? Zile (zikifungwa vizuri) huungwa moja kwa moja, na swichi yake iko nje, si kwa ekstensheni ya kupitishwa chini ya mlango. Basi mwite fundi umeme kwanza. Akikuta nyumba haina ethi, mpira wa kutawadhia utakufaa zaidi.