Degedege na Hofu ya Sindano

Katika wilaya ya Bagamoyo, watafiti wa miaka ya 1990 walikuta wazazi wengi wakiamini kwamba mtoto mwenye degedege akidungwa sindano atakufa. Degedege lilihesabiwa kuwa kazi ya shetani ajaye kwa umbo la ndege, na ugonjwa wa shetani hupelekwa kwa mganga.

Daktari anayeiita imani hii ujinga hajaichunguza. Imejengwa juu ya mambo ambayo watu waliyaona kwa macho yao. Mtoto mwenye homa kali huweza kukakamaa na kutetemeka. Mara nyingi hali hiyo hukoma yenyewe baada ya dakika chache, apewe dawa asipewe. Ikiwa wakati huo alikuwa akiogeshwa maji ya majani, sifa humwendea mganga. Lakini degedege jingine hutokana na malaria iliyofika ubongoni: chembe nyekundu za damu zilizoingiwa na vijidudu hunata kwenye kuta za mishipa midogo, na sukari ya damu huweza kupungua mno. Mtoto huyo asipopona kwa mganga hufikishwa hospitali akiwa hajitambui, hudungwa sindano, pengine naye hufa. Lawama huiangukia sindano, kwa kuwa ndiyo iliyotangulia kifo.

Wanafunzi na watambue kosa la hesabu hii: wanaofikishwa kwenye sindano ni wale waliokwisha kuzidiwa. Katika uchunguzi uliochapishwa mwaka 2010, watoto 5,425 wenye malaria kali katika nchi 9 za Afrika, Tanzania ikiwamo, walitibiwa kwa sindano za kwinini au atesuneti. Waliokufa walikuwa 527. Wapatao 9 katika kila 10 waliishi.

Hata hivyo, tarakimu hazimtulizi bibi aliyekwisha kumzika mjukuu. Daktari mwenye busara humwuliza kwanza amefanya nini nyumbani, humwacha aendelee kumpangusa mtoto kwa kitambaa chenye maji huku damu ikipimwa, na humweleza kila sindano kabla ya kuidunga. Mganga naye hatukanwi, maana ndiye awezaye kumleta mtoto mapema.

Kwa vijiji vilivyo mbali, Shirika la Afya Duniani hupendekeza mtoto aliye chini ya miaka 6 apewe dozi moja ya atesuneti kwa njia ya haja kubwa. Dozi hiyo hupunguza vijidudu mtoto akiwa njiani. Sindano bado humngoja afikapo.