"Itege" na "Negiste": Cheo cha Taytu Betul na Utata wa Neno "Malkia"

1.0 Utangulizi
Neno "malkia", lenye asili ya Kiarabu, hutumika katika Kiswahili kwa mwanamke anayetawala na pia kwa mke wa mfalme. Elizabeth II, aliyefariki mwaka 2022, aliitwa malkia. Camilla, aliyetawazwa pamoja na mumewe mwaka 2023, naye huitwa hivyo hivyo. Makala haya yanakusudia kuonyesha, kwa mfano wa Taytu Betul wa Ethiopia, kwamba tofauti inayofichwa na neno hili ina uzito katika historia.

2.0 Ushawishi wa Taytu
Taytu aliolewa na Menelik, wakati huo mfalme wa Shewa, mwaka 1883. Mwaka 1886 mji wa Addis Ababa, yaani "ua jipya", ulianzishwa kwa hiari yake. Hata hivyo, nguvu yake ilidhihirika zaidi katika mgogoro ambao kiini chake kilikuwa kitenzi. Kwa mujibu wa kifungu cha 17 cha Mkataba wa Wuchale (1889), matini ya Kiamhari ilisema kuwa Menelik anaweza kuitumia Italia katika mawasiliano na mataifa mengine. Ile ya Kiitalia ilimfunga kufanya hivyo. Taytu aliipinga tafsiri ya Italia bila kuyumba. Menelik aliukana mkataba huo mwaka 1893, na vita vilipozuka, Taytu alikwenda Adwa na askari wake mwenyewe. Italia ilishindwa tarehe 1 Machi 1896.

3.0 Cheo na mipaka yake
Pamoja na hayo yote, Taytu alikuwa "itege", cheo cha mke wa mfalme wa wafalme. Menelik alipolemazwa na maradhi, Taytu alishika hatamu za dola. Lakini mwaka 1910 makabaila walimwondoa madarakani. Kinyume chake, Zewditu, binti wa Menelik, aliyetawazwa mwaka 1917, aliitwa "negiste negestat", malkia wa wafalme, jina lenye mzizi mmoja na "negus", mfalme. Alidumu katika kiti hicho hadi alipofariki mwaka 1930, ingawa madaraka mengi yalikuwa mikononi mwa Ras Tafari.

4.0 Hitimisho
Ni dhahiri kwamba ushawishi na uhalali ni mambo mawili. Mwandishi wa Kiswahili anayewaita wote wawili "malkia" bila ufafanuzi humnyima msomaji sababu ya anguko la Taytu. Tunapendekeza, basi, "malkia mtawala" na "malkia mke wa mfalme" zitofautishwe katika maandishi ya kitaaluma.