Hirizi za Watu wa Firauni

Ndugu zetu wahudhuriao darasa wametuuliza asili ya hirizi. Hatudai ya kwamba zatoka nchi moja, kwani kila taifa lina zake; walakini Wamisri wa kale walizifanya nguzo ya dini yao, nasi twapenda kueleza habari zao.

Kwao pambo na kinga vilikuwa kitu kimoja. Dhahabu, kwa kuwa haishiki kutu, waliiita nyama ya miungu. Feruzi, kwa rangi yake ya majani mabichi, ilikuwa uhai. Akiki nyekundu ilikuwa damu na nguvu. Jicho la Horus, waliloamini kuwa liliharibiwa vitani kisha likaponywa, lilivaliwa na hai na maiti, na jina lake kwa lugha yao maana yake ni “lililo zima”. Maskini naye hakukosa lake: lilifanywa kwa unga wa mawe, likakandamizwa katika kalibu, likachomwa, likatoka la buluu yenye kung’aa.

Mwaka 1925, Howard Carter na wenziwe walipofungua sanda za Tutankhamun, mfalme aliyekufa angali kijana, walikuta mwilini mwake na katikati ya vitambaa vitu 143, vidani, pete na hirizi.

Lakini hirizi iliyo kubwa kwa mazingatio ni ile ya moyo. Waliamini ya kwamba maiti husimamishwa mbele ya Osiris, moyo wake ukapimwa kwa unyoya mmoja, na ukizidi uzito huliwa na mnyama mwenye kichwa cha mamba. Basi wakachonga jiwe kwa sura ya dundu yule aviringishaye donge la samadi, wakaliweka kifuani, na chini yake wakaandika maneno ya kuusihi moyo usisimame kumshuhudia mwenyewe. Tazama, ewe msomaji! Watu waliojua ya kuwa kuna hesabu, wakatafuta jiwe la kumnyamazisha shahidi. Nasi tusomao Yasin twajua ya kwamba siku hiyo mikono itasema na miguu itashuhudia.

Wala asidhani mtu twasema ya waliopita tu. Wanavyuoni wamehitalifiana juu ya kuvaa aya za Qur’ani, nasi hatumkufurishi mtu kwa hilo. Ama shanga, kucha za chui, na jicho la buluu afungwalo mtoto mkononi, hayo ni tamima aliyoikataza Mtume, na hilo la buluu lafanana mno na lile la Misri.

Na je, hirizi zile ziliwakinga wenyewe? Kiasi cha mwaka 1110 kabla ya Nabii Isa, zama za Ramesses wa Tisa, walishikwa wezi waliovunja kaburi la mfalme Sobekemsaf. Walipopigwa fimbo walikiri, na maneno yao yaliandikwa katika karatasi za mafunjo zilizobaki hata leo: kwamba walimkuta mfalme ana hirizi nyingi na mapambo ya dhahabu shingoni, wakamvua vyote, wakatia moto majeneza, wakagawana dhahabu deben 160, yapata kilo 14, watu wanane. Jiwe moja la moyo lenye jina la Sobekemsaf, limezungushiwa dhahabu, liko London katika nyumba ya makumbusho, na maneno yale ya kuusihi moyo yangali yasomeka.