Somo la Robo Hii: Tunavyojifunza Kutoka Maktaba ya Khalidi, Yerusalemu



Mara nyingi katika kurasa hizi tunajadili visima, zahanati na madarasa. Safari hii tunawaletea somo juu ya jambo ambalo kamati nyingi huliweka mwisho wa orodha, nalo ni kutunza maandishi. Tumechagua mfano wa Wapalestina, kwa sababu wao wameonja hasara ya kupoteza vitabu na pia wameonyesha namna ya kuviokoa.

Wakfu wa mama mmoja

Katika Mji wa Kale wa Yerusalemu, kwenye njia ya Bab al-Silsila iendayo Msikiti wa Al-Aqsa, ipo Maktaba ya Khalidi. Ilifunguliwa mwaka 1900 na Raghib al-Khalidi, na mali iliyoianzisha ilitokana na wakfu wa mama yake, Khadija. Ukoo huo wa makadhi na wanazuoni ulikuwa umekusanya vitabu kwa vizazi vingi. Badala ya kila nyumba kubaki na sanduku lake, waliviweka pamoja ili wasomaji wa mji wavitumie.

Leo maktaba ina miswada ya mkono ipatayo 1,200, mingi ya Kiarabu na mingine ya Kituruki na Kiajemi. Imo ya sheria, dini, tiba, sarufi na ushairi.

Tuzingatie neno wakfu. Mali ya wakfu haiuzwi, hairithiwi, na ina msimamizi anayejulikana. Vitabu vya Khalidi havikuwa mali ya mtu ambaye akifa au akikimbia vinabaki bila mwenyewe.

Vitabu vilivyobaki majumbani

Sasa tutazame upande wa pili. Khalil Sakakini alikuwa mwalimu na mwandishi, Mkristo wa Yerusalemu, aliyeishi mtaa wa Qatamon. Vita vya mwaka 1948 vilipofika mlangoni, aliondoka na familia yake akaacha maktaba yake nyumbani. Alifariki Cairo mwaka 1953 bila kuiona tena.

Hakuwa peke yake. Vitabu vipatavyo 30,000 vilikusanywa kutoka nyumba za Wapalestina za Yerusalemu Magharibi na kupelekwa kwenye maktaba ambayo leo ni Maktaba ya Taifa ya Israeli. Maelfu yake bado yako huko, yakiwa yameandikishwa kuwa mali iliyoachwa na wenyewe.

Jina la mwalimu huyo halikupotea. Mwaka 1996 kilianzishwa Kituo cha Utamaduni cha Khalil Sakakini mjini Ramallah. Hapo mshairi Mahmoud Darwish alikuwa na ofisi yake na kuhariri jarida la Al-Karmel. Mwaka 2002 askari wa Israeli waliingia kituoni na kukifanyia uharibifu. Kazi iliendelea baadaye.

Nakala ya pili

Wakfu peke yake hautoshi, maana karatasi huungua na kuta huanguka. Ndiyo sababu miswada ya Khalidi imepigwa picha na kuhifadhiwa kwenye kompyuta, kwa ushirikiano na maktaba ya miswada ya Hill iliyoko Minnesota, Marekani. Maktaba hiyo ilianzishwa mwaka 1965 na watawa Wabenediktini, shirika ambalo wengi wetu tunalifahamu kwa kazi zake Peramiho na Ndanda. Watawa Wakristo wamesaidia kutunza vitabu vya ukoo wa Kiislamu, na hakuna aliyepungukiwa imani kwa kufanya hivyo.

Umuhimu wa kazi hiyo umeonekana Gaza. Msikiti Mkuu wa Omari, uliokuwa na maktaba ya miswada ya kale, uliharibiwa vibaya kwa mabomu Desemba 2023. Miswada yake mingi ilikuwa imekwisha kupigwa picha miaka michache kabla. Picha si kitabu chenyewe, lakini maneno yaliyomo bado yanasomeka.

Je, mkate hautangulii?

Mhisani anaweza kuuliza kwa haki: watu wakiwa na njaa, kwa nini tutoe fedha kwa ajili ya karatasi? Hatusemi kitabu kitangulie chakula. Tunasema kwamba aliyepoteza nyumba akiokolewa, kesho yake atauliza yeye ni nani, baba zake waliishi wapi na waliandika nini. Tena kazi hii hufanyika kabla ya maafa. Njaa ya mwaka huu inaweza kupatiwa chakula mwaka huu. Mswada uliokwisha kuungua hauna msaada.

Nasi tunayo yetu: vitabu vya ubatizo na ndoa, mihutasari ya vikao vya kwanza, daftari za nyimbo walizotunga wazee. Vingi viko kwenye kabati moja, chini ya paa moja, na mchwa hawangoji vita.

Maswali ya kujadiliana katika kamati

1. Ni maandishi gani ya zamani tuliyo nayo parokiani, na nani ameyaorodhesha?
2. Mtunzaji wa sasa akihama au akifariki, yatakuwa chini ya nani?
3. Je, ipo nakala ya pili mahali pengine?
4. Ni wazee gani wenye daftari nyumbani ambao tunaweza kuwatembelea kwa heshima kabla ya robo ijayo?

Tunawashauri muanze na swali la kwanza. Daftari moja na kalamu vinatosha kuandika orodha.