Kiwavi wa Mahindi

Mama mmoja wa Katanga alipanda mahindi mwezi wa kumi na moja, mvua ilipoanza. Shamba lake halikuwa kubwa, lakini bukari ya nyumba nzima ilitoka humo, na feza ya shule ya watoto pia. Baada ya majuma matatu aliona majani yametobolewa, na katikati ya mimea mlijaa uchafu kama unga wa mbao. Mama alishika kichwa, akasema: «Mwaka huu tutakula nini?»

Mwana wake wa darasa la tano alifunua polepole majani ya katikati. Humo alimkuta kiwavi mmoja mnene, wa rangi ya udongo.

«Mama, tazama usoni pake. Kuna alama nyeupe kama panda ya manati iliyogeuzwa chini juu. Na karibu na mkia kuna madoa manne meusi, yamepangwa mraba. Ndiye yule mwalimu aliyetufundisha.»

Kiwavi huyu ametoka wapi?

Kiwavi huyu ni mtoto wa nondo, yaani kipepeo wa usiku. Asili yake ni Amerika. Katika Afrika alitambuliwa kwanza mwaka 2016, upande wa magharibi. Kisha akaenea upesi katika nchi nyingi, Kongo pia. Nondo huyu ni mdogo, wa rangi ya kijivu. Mchana hujificha, usiku huruka. Upepo ukimsaidia, aweza kwenda kilomita 100 kwa usiku mmoja. Basi mtu asimlaumu jirani yake kwamba amemletea wadudu.

Maisha yake

Nondo jike hutaga mayai kwenye majani, 100 mpaka 200 pamoja, na kuyafunika kwa manyoya membamba. Katika maisha yake aweza kutaga 1500 na zaidi. Kwenye joto, mayai huanguliwa baada ya siku tatu hivi. Viwavi wadogo hukwangua majani. Wengine huning'inia kwa uzi mwembamba, na upepo huwapeleka kwenye mimea ya jirani. Wakikua huingia katikati ya mmea, na hapo hula hata wenzao. Kwa hiyo mara nyingi hubaki mmoja au wawili tu. Baada ya majuma mawili hivi kiwavi hushuka, hujichimbia udongoni, na humo hugeuka kuwa nondo.

Hupenda mahindi kupita yote, lakini hula pia mtama, mpunga, karanga, maharagwe na kabichi.

Kazi ya mama na watoto

Mama alitaka kununua dawa ya sumu. Mtoto akamwambia: «Mama, kiwavi mkubwa amejifungia ndani kwa mavi yake, dawa haimfikii vizuri. Tena sumu itaua siangu na nyigu wanaotusaidia kuwala viwavi. Na sisi wenyewe yaweza kutudhuru.»

Mama akanyamaza kidogo, akajibu: «Vema, mwanangu. Tuanze kesho.»

Tangu siku ile walifika shambani mapema asubuhi, mara mbili kila juma. Walipita mstari kwa mstari. Walipoona mayai, waliyaponda kwa vidole. Walipoona kiwavi, walimtoa na kumwua. Watoto wadogo walichukua majivu ya jikoni, wakatia kidogo katikati ya mimea iliyoshambuliwa. Mimea michanga iliyotobolewa majani tu haikung'olewa, kwa maana mvua ikiwa nzuri, mhindi waweza kutoa majani mapya.

Mwezi wa nne walivuna. Mahindi mengine yaliharibika, lakini ghala haikuwa tupu, na mtoto hakukosa shule. Mwaka uliofuata mama alipanda mara tu mvua ilipotulia, akachanganya maharagwe kati ya mistari.

Lakini angalieni: si viwavi wote ni adui. Wako viwavi wa porini ambao watu huwaokota na kuwala, na ni chakula chema. Mwenye akili hutazama kwanza, kisha huua.

Maulizo

1. Kiwavi wa mahindi anajulikana kwa alama gani mbili?
2. Kwa nini ni afadhali kuponda mayai kuliko kungoja viwavi wakue?
3. Kwa nini mtoto alimzuia mama yake asinunue sumu?
4. Nenda shambani kwenu, tazama mimea kumi, uandike ulichoona.