Sango Jukwaani: Mfalme Aliyefanywa Mungu



Wanaosoma fasihi ya Kiafrika miongoni mwetu hukutana na tamthilia za Wayoruba wa Nigeria, zenye miungu mingi: Ogun wa chuma na vita, Sango wa radi, Esu wa njia panda. Wapo wanaoona uzito hata kuandika majina hayo katika karatasi ya mtihani. Je, kuisoma miungu hiyo ni kuikubali? Tuangalie mfano mmoja.

Katika miaka ya 1960, Duro Ladipo alitunga Oba Koso, yaani "Mfalme Hakujinyonga". Baba yake alikuwa mhudumu wa kanisa, lakini Ladipo mwenyewe ndiye aliyecheza nafasi ya Sango.

Sango ni mfalme wa Oyo. Majemadari wake wawili, Timi na Gbonka, wamepata nguvu nyingi, naye anawagombanisha ili wamalizane. Gbonka anamshinda Timi, kisha anamgeukia mfalme. Kwa hasira Sango anaua watu wake mwenyewe. Raia wanamkimbia, hata mkewe Oya anamwacha. Anajinyonga.

Hapa ndipo penye somo. Wafuasi wake wanakana: mfalme hakujinyonga! Radi inapopiga, wanasema ni yeye. Mtazamaji anajua kilichotokea, na papo hapo anasikia kikikanwa.

Msomaji wa Qur'an atakumbuka Surat Nuh, aya ya 23. Ibn Abbas alieleza kuwa majina yaliyotajwa pale yalikuwa ya watu wema. Walipokufa wakawekewa masanamu ya ukumbusho, na elimu ilipopotea wakaabudiwa. Sango si mfano wa mtu mwema, lakini kote kuwili ni waliobaki hai wanaompandisha maiti daraja.

Basi, unapojibu swali, tenganisha mambo matatu:

1. Wanachoamini wafuasi wa dini ya jadi. Kieleze kwa uadilifu, bila kejeli. Kuandika "katika itikadi yao Sango ni mungu wa radi" ni kutoa habari, si kukiri.

2. Anachofanya mtunzi. Ladipo anaonesha hila ya mtawala na gharama yake kwa raia.

3. Unachoamini wewe. Hicho hakiondolewi na kitabu ulichokielewa vizuri.

Tukumbuke pia kwamba Wayoruba wengi ni Waislamu. Hadithi za Sango wanazijua tangu utotoni, na wanaswali swala tano.

Wabillahi tawfiq.