Visiwa na Asili ya Aina za Viumbe

Safari za Bw. Darwin na Bw. Wallace

Kila mfugaji ajua kwamba ndama wa zizi moja hawafanani wote, na kila mkulima hodari huchagua mbegu zilizo bora akaziweka kwa ajili ya msimu ujao. Jambo hili ni la kale wala halimshangazi mtu. Lakini liko swali lililowatatiza wataalamu kwa muda mrefu, nalo ni hili: je, yawezekana kwamba dunia yenyewe, pasipo mkono wa mkulima, huchagua vivyo hivyo, hata aina moja ya kiumbe ikageuka kuwa aina mbili? Jibu lilipatikana visiwani, na walioliona ni watu wawili wa Uingereza waliosafiri katika bahari mbalimbali, kila mmoja kwa njia yake.

Merikebu iitwayo Beagle

Tarehe 27 Desemba 1831 merikebu ya kifalme iitwayo Beagle ilitweka matanga kutoka Plymouth ili kuipima pwani ya Amerika ya Kusini. Nahodha wake alikuwa Robert FitzRoy, na pamoja naye alisafiri kijana wa miaka 22, Charles Darwin, mtoto wa tabibu mwenye mali. Safari hiyo ilichukua karibu miaka mitano.

Mwezi wa Septemba 1835 walifika visiwa vya Galápagos, vilivyo karibu kilomita 1,000 magharibi ya nchi ya Ecuador. Visiwa hivyo vilitoka katika vilindi vya bahari kwa nguvu ya milima ya moto, wala havikupata kuungana na bara. Kwa hiyo kila kiumbe kilichomo ni uzao wa wageni walioletwa na upepo au mawimbi, au waliokuja kwa mabawa yao.

Darwin alikaa huko kwa muda wa majuma matano. Makamu wa gavana, Bw. Nicholas Lawson, alimwambia kwamba kobe wakubwa wa huko hutofautiana kisiwa kwa kisiwa, na kwamba yeye akionyeshwa kobe huweza kutaja kisiwa alikotoka. Darwin hakuyatilia maanani maneno hayo mara moja. Mabaharia walichinja kobe wengi ili wapate kitoweo cha safarini, na magamba yao, ambayo yangekuwa ushahidi, yakatupwa baharini.

Kosa lililofundisha

Kosa jingine lilihusu ndege. Darwin alikusanya ndege wadogo mfano wa chiriku, lakini aliwachanganya pamoja bila kuandika kila mmoja alitoka kisiwa gani. Hakudhani kwamba visiwa vinavyoonana kwa macho, vyenye mawe yale yale na hali ya hewa ile ile, vyaweza kuwa na wakazi tofauti.

Aliporudi Uingereza alimkabidhi ndege hao Bw. John Gould, bingwa wa elimu ya ndege. Mwezi wa Januari 1837 Gould alitoa jibu la ajabu. Ndege wale, ambao baadhi yao walikuwa na midomo minene ya kuvunjia mbegu ngumu na wengine midomo myembamba ya kuokotea wadudu, walikuwa wote ni jamaa moja, wenye aina zaidi ya kumi, na aina hizo hazikujulikana mahali pengine popote duniani.

Hapo Darwin alihitaji sana kujua kila ndege alikotoka, na maandishi yake hayakuweza kumwambia. Ilimlazimu kutazama ndege waliokusanywa na wenziwe merikebuni, akiwamo nahodha FitzRoy na mtumishi wake mwenyewe, Syms Covington, kwa kuwa wao walikuwa wameandika majina ya visiwa. Hivyo mtumishi alimsaidia bwana wake kwa kuandika vikaratasi tu.

Katika mwaka huo huo wa 1837 Darwin alianza daftari ya siri juu ya mageuko ya viumbe. Mwaka 1838 alisoma kitabu cha Malthus kinachoeleza jinsi watu wanavyoongezeka kupita chakula kilichopo, naye akafahamu kwamba jambo hilo lawapata viumbe vyote. Wengi huzaliwa, wachache huishi. Kama katika waliozaliwa yumo mwenye tofauti ndogo inayomfaa mahali alipo, huyo ndiye atakayeelekea kuishi na kuwarithisha watoto wake tofauti hiyo. Kizazi baada ya kizazi, tofauti ndogo hulimbikizana hata zikawa kubwa. Huo ndio uteuzi wa asili. Darwin aliandika muhtasari mwaka 1842 na maelezo marefu zaidi mwaka 1844, kisha akayafungia. Aliendelea kutafuta ushahidi kwa miaka mingi, hata akafuga njiwa ili aone jinsi wafugaji wanavyozaa namna mpya kwa kuchagua.

Mtu asiye na mali

Alfred Russel Wallace alizaliwa mwaka 1823 huko Wales. Baba yake aliishiwa na fedha, naye akatoka shuleni akiwa na miaka kama 14 kwenda kujifunza kazi ya kupima ardhi. Mambo mengine alijifunza mwenyewe kwa vitabu. Mwaka 1848 alikwenda katika misitu ya mto Amazon, akijipatia riziki kwa kukusanya ndege na wadudu waliouzwa London na wakala wake, Bw. Samuel Stevens.

Mwaka 1852, alipokuwa njiani kurudi kwao, merikebu iitwayo Helen iliwaka moto katikati ya bahari. Wallace na mabaharia walikaa siku kumi mashuani kabla ya kuokolewa. Mikusanyo yake iliyokuwamo merikebuni iliteketea, na alichookoa ni michoro na maandishi machache tu. Mtu mwingine angalikata tamaa. Yeye mwaka 1854 alisafiri tena, safari hii kwenda visiwa vya Wamalai, akazunguka huko kwa miaka minane na kukusanya vielelezo zaidi ya 125,000. Hakufanya kazi hiyo peke yake. Msaidizi wake mkuu alikuwa kijana kutoka Sarawak, jina lake Ali, aliyeanza kama mpishi, kisha akawa hodari wa kupiga ndege na kuwachuna ngozi.

Mpaka usioonekana

Mwaka 1856 Wallace alitaka kwenda Makassar, lakini hakupata chombo cha kwenda moja kwa moja. Akapita Bali, kisha akavuka mlango wa bahari hadi Lombok. Visiwa hivyo viwili vinaonana, lakini alipofika ng'ambo aliona kama amehamia dunia nyingine. Ndege wengi wa Bali walikuwa jamaa ya ndege wa Asia. Lombok aliwakuta kasuku weupe wenye kishungi, na ndege wengine walio jamaa ya ndege wa Australia.

Kama kila kiumbe kiliwekwa mahali panapokifaa, kwa nini visiwa viwili vinavyofanana hivi vina wakazi tofauti? Wallace aliona kwamba jibu limo katika historia ya nchi. Bahari iliyo kati ya Bali na bara la Asia ni ya kina kifupi, na zamani maji yalipopungua, palikuwa nchi kavu ambayo wanyama waliweza kuipita kwa miguu. Mlango wa Lombok una kina kirefu, na haukukauka. Kwa hiyo viumbe vya pande hizi mbili vilikua mbalimbali kwa muda mrefu mno. Mpaka huo hata leo huitwa Mstari wa Wallace.

Barua kutoka Ternate

Mwezi wa Februari 1858 Wallace alishikwa na homa ya vipindi, mara baridi, mara joto. Akiwa amelala hana la kufanya ila kuwaza, alikumbuka kile kitabu cha Malthus alichokisoma miaka mingi nyuma, na fikira ile ile iliyomjia Darwin ikamjia yeye. Homa ilipotulia aliandika maelezo yake kwa muda wa jioni chache, akayapeleka kwa Darwin, akitia anwani ya kisiwa cha Ternate.

Darwin aliipokea barua hiyo mwezi wa Juni, akafadhaika. Kazi yake ya miaka ishirini ilikuwa imeandikwa kwa ufupi na mtu mwingine. Wakati huo huo mtoto wake mchanga alikuwa mgonjwa mahututi, naye akafa tarehe 28 Juni. Rafiki zake, Lyell na Hooker, waliamua kwamba maandishi ya wote wawili yasomwe pamoja mbele ya Chama cha Linnean huko London, tarehe 1 Julai 1858. Wenye maandishi hawakuwapo: Darwin alikuwa katika msiba, na Wallace alikuwa New Guinea, hana habari. Maandishi ya Darwin yalisomwa kwanza, na Wallace hakuulizwa kama ameridhia.

Hata sasa wako wanaosema kwamba hakutendewa haki. Lakini Wallace mwenyewe alipopata habari hakulalamika, na kitabu alichokitoa mwaka 1889 kueleza elimu hii alikiita kwa jina la Darwin. Darwin naye, mwaka 1881, alisaidia ili Wallace apewe posho ya serikali, kwa kuwa maisha yake yalikuwa ya shida.

Mabishano na ushahidi

Kitabu cha Darwin juu ya asili ya aina za viumbe kilitoka Novemba 1859, kikazusha mabishano makali. Baadhi ya wakuu wa dini walikipinga. Wengine, kama mchungaji Charles Kingsley, hawakuona kwamba kinapunguza utukufu wa Muumba.

Ushahidi umezidi kuongezeka tangu hapo. Kuanzia mwaka 1973 Bw. Peter Grant na mkewe Rosemary waliwapima chiriku wa kisiwa kidogo cha Daphne Major, katika Galápagos. Mwaka 1977 ulikuja ukame, mbegu ndogo zikaisha, zikabaki kubwa na ngumu. Ndege wenye midomo midogo walikufa kwa wingi, na watoto wa waliosalia wakazaliwa na midomo minene zaidi. Miaka michache baadaye zilinyesha mvua nyingi, mbegu ndogo zikajaa, na mambo yakageuka. Uteuzi ambao Darwin alidhani ni wa polepole usioweza kuonekana, hao waliupima kwa macho yao.

Basi, msomaji, jifunze hapa jambo moja la manufaa. Ukiokota jiwe, jani au mdudu kwa ajili ya masomo, andika siku ile ile mahali ulipokiokota. Huenda mahali hapo pakawa na maana kuliko kitu chenyewe.

Maswali ya kujipima

1. Kwa nini ilimlazimu Darwin kutazama ndege waliokusanywa na wenziwe?
2. Bali na Lombok vinaonana. Ni sababu gani iliyofanya ndege wake watofautiane?
3. Eleza kwa maneno yako mwenyewe maana ya uteuzi wa asili.
4. Je, waonaje: Wallace alitendewa haki mwaka 1858? Toa sababu zako.